Nina amri ya mahakama OCS (mkuu wa kituo cha polisi) alinde njia ya timbo langu, malori bado hayapiti. Hii karatasi hufanya kazi vipi?

#1 MchongaMawe (mwanzilishi wa uzi)

Salaam wana jukwaa. Niko upande wa Malindi, ndani ndani kidogo kutoka barabara kuu. Nina timbo la mawe ya kujengea, shamba nimelikodi kwa familia moja tangu 2017. Wachongaji kumi na wanane, mashine mbili za kukata, siku nzuri hutoka malori manne mpaka sita.

Mwezi uliopita vijana wa kijiji pamoja na baadhi ya waliokuwa wapakiaji wangu walifunga njia. Waliweka magogo mawili, tairi kuukuu, halafu katikati ya njia wakaweka kitanda cha kamba. Juu ya kitanda hukaa bibi mmoja mzee kutoka asubuhi mpaka alasiri. Nilikwenda kwa naibu chifu, nikaenda kwa chifu, nikaandikisha OB (kitabu cha matukio cha polisi) mara tatu. Mwisho nikachukua wakili, tukaingia Mahakama ya Ardhi na Mazingira kwa hati ya dharura, yaani kuomba tusikizwe haraka. Jaji akatoa zuio la muda na akaelekeza OCS wa kituo kilicho karibu asaidie utekelezaji.

Leo siku ya tisa. Polisi walikuja mara moja, watatu, wakapiga picha, wakamsalimu bibi, wakaondoka. Waliopitia hili nisaidieni: mahakama ikisema polisi walinde biashara, wanailinda vipi hasa? Au nimenunua karatasi?

#2 Bahari Shwari

Pole kaka. Kabla ya ushauri, tuandikie maneno yenyewe ya hiyo amri. Funika majina.

#3 MchongaMawe

Kwa ufupi: walalamikiwa wa kwanza, wa pili na wa tatu, mawakala wao na watumishi wao, wazuiliwe kufunga njia au kuingilia shughuli za timbo mpaka ombi lisikizwe pande zote mbili. Kisha: OCS ahakikishe amri inafuatwa na amani inadumishwa. Siku kumi na nne. Kesi kutajwa Jumanne wiki ijayo.

#4 Karani wa Mawakili

Nimefanya kazi ofisi za mawakili Malindi na Mombasa miaka kumi na moja, kwa hivyo nitasema ninachokijua, na wakili wako ndiye mwenye neno la mwisho.

Amri kama yako hutoka kwa Kanuni za Utaratibu wa Madai za 2010, Agizo la 40. Jaji akikusikiliza peke yako, bila upande wa pili, hupima mambo yale matatu ya kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973: una kesi yenye mashiko, utapata hasara isiyofidika kwa pesa, na kama bado ana shaka, mizani imeegemea wapi. Akiridhika hukupa siku zisizozidi kumi na nne.

Sasa sikiliza hapa, watu wengi huanguka hapa. Ndani ya siku tatu tangu amri itolewe, lazima uwakabidhi wale uliowashtaki amri yenyewe, lile ombi, na hati za kesi. Zote. Ukiwapa amri peke yake, au ukimpelekea OCS na kuwasahau wao, zuio linakufa lenyewe. Halihitaji jaji kuliua. Je, vijana watatu walikabidhiwa? Na mpelekaji aliapa hati ya kiapo kuonyesha alimpa nani, wapi, saa ngapi?

Ukinijibu hilo ndipo tuzungumze habari ya polisi.

#5 MchongaMawe

OCS alipewa siku ile ile. Vijana wawili walipewa mkononi wakiwa sokoni. Wa tatu alikuwa amekwenda Mtwapa, akatumiwa kwa WhatsApp.

#6 Dereva wa Mambrui

WhatsApp si kupeleka hati. Hapo imekufa hiyo.

#7 Karani wa Mawakili

#6 hapana ndugu yangu. Tangu kanuni ziliporekebishwa 2020, simu ya mkononi inakubalika, mradi ni nambari anayoitumia na mpelekaji aape kwamba ilifika. Kwa hiyo haijafa kwa sababu hiyo. Muulize wakili kama kiapo kimewekwa kwenye faili.

#8 Afande Mstaafu

Nilivaa magwanda miaka 27, sehemu kubwa Pwani. Acheni niwaambie upande wa meza ambao hamuuoni.

Asubuhi kituoni inaingia amri ya mahakama. OCS anaisoma kwa macho mawili. Jicho la kwanza: imezuia nani? Jicho la pili: mimi nimeambiwa nifanye nini? Yako imezuia watu watatu na mawakala wao. Aliye juu ya kitanda ni bibi. Yeye si mlalamikiwa. Ukimwambia afande mdogo wa miaka 24 amnyanyue bibi wa watu kwenye kitanda, na kila kijana pale ana simu, atakuuliza amri imemtaja wapi. Na ana haki kuuliza.

La pili, "ahakikishe amani inadumishwa". Alipofika palikuwa na fujo? Bibi amekaa, watu wanakunywa uji. OCS ataandika kwenye OB: tumefika, hali ni shwari. Ametii amri kwa maandishi, na malori yako hayajapita. Ungetaka malori yapite, amri ingesema: OCS awepo siku fulani kuanzia saa fulani, vizuizi viondolewe, magari yasindikizwe. Mahakama ikinena wazi, polisi hana pa kujificha. Ikinena kwa ujumla, kila mtu ana pa kupumulia.

#9 Tuk Tuk wa Barani

Afande heshima zako, lakini mimi nasema ukweli wa mtaani. Si maneno ya amri, ni mafuta. Mjomba wangu alikuwa na amri kama hii kwa duka lake, akaambiwa gari la kituo halina mafuta. Alipoweka mafuta, njia ikafunguka asubuhi ile ile.

#10 Afande Mstaafu

#9 hilo lipo na sitalikana. Ila msichanganye. Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011 inaruhusu mtu kuomba askari kwa shughuli yake binafsi akalipa ada rasmi, akapewa risiti. Hiyo ni njia moja. Kutekeleza amri ya mahakama ni kazi ya polisi, hakulipiwi kitu mkononi. Anayekuomba mafuta bila risiti anakuuzia kilicho chako.

#11 Mwana wa Kijiji

Nimesoma uzi huu kutoka juu mpaka chini. Mimi ni wa kijiji hicho. Sitataja jina, lakini yule bibi mnayemzungumzia ni hawe wangu, yaani nyanya yangu.

Nyumba yake iko hatua mia moja na kitu kutoka ukingo wa timbo. Vumbi la kukata mawe huingia kwenye ugali. Upande wa nyuma kuna shimo la zamani, timbo lililochimbwa na mtu mwingine likaachwa hivyo hivyo, na kila masika hujaa maji. Watoto wetu hupita ukingoni kwenda shule. Tuliomba lizungushiwe ua. Tukaambiwa mwenye timbo wa sasa si aliyelichimba. Tuliomba njia ya malori ihamishwe upande wa mikorosho. Kimya. Wapakiaji wa kijijini walipoachishwa na kuletwa wengine kutoka mbali, ndipo vijana wakachoka.

Hakuna aliyempeleka hawe pale. Alitoka mwenyewe, akasema kitanda changu nakilaza ninapotaka. Nanyi mnaongea habari zake kana kwamba ni gogo la tatu.

#12 Mama Chapati

Mwanangu wa #11 umenigusa. Mimi nilikuwa napika pale timboni chapati na maharagwe, watu thelathini kwa siku. Tangu njia ifungwe sina biashara. Sikutajwa kwenye kesi ya yeyote. Mzee wa timbo ana wakili, vijana wana umoja wao, mimi nina unga debe moja unaingia wadudu.

Mie nasema wote wawili wana haki na wote wawili wamenifungia jiko.

#13 Sheria Mkononi

Mbona hamtaji Katiba? Kifungu cha 37: kila mtu ana haki ya kukusanyika, kuandamana na kupeleka malalamiko kwa amani bila silaha. Bibi ana kitanda, hana panga. Jaji hawezi kumtoa.

Na Sheria ya Madini ya 2016 inasema asilimia 10 ya mrabaha, yale malipo ya madini kwa serikali, ni ya jamii. Walipwe kwanza.

#14 Karani wa Mawakili

#13 umechanganya mawili na yote mawili yanahitaji kunyooshwa.

Kifungu cha 37 kipo na ni haki nzito. Lakini kukusanyika ni kitu kimoja, kumziba mwenzako njia mwezi mzima ni kingine, na ndiyo sababu mahakama huitwa kupima. Pia Sheria ya Utulivu wa Umma (Public Order Act) inataka waandaaji wampe OCS taarifa, si chini ya siku tatu na si zaidi ya kumi na nne. Sijui kama vijana walifanya hivyo. Kama walifanya, wana jambo zuri la kumwambia jaji.

Mrabaha: ni kweli mgao ni 70 kwa serikali kuu, 20 kwa kaunti, 10 kwa jamii. Lakini pesa hizo hazitolewi na mwenye timbo langoni. Hupitia serikalini. Kumfungia njia yeye kwa sababu ya asilimia 10 ni kumdai mtu deni lililo kwa mwingine.

#15 Mwana wa Kijiji

#14 na deni hilo tukamdai nani? Hatujaona hata shilingi. Lori tunaliona kila siku, serikali hatuioni. Mtu hudai alipo mdaiwa anayeonekana.

#16 Mla Samaki wa Mokowe

Nawasalimu kutoka Lamu. Nawasoma na moyo unaniuma kwa jambo jingine.

Wavuvi wetu walikwenda mahakamani kuhusu bandari. Mwaka 2018 Mahakama Kuu ikaamua walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76, wavuvi zaidi ya elfu nne. Gati la kwanza likafunguliwa Mei 2021, meli zikatia nanga, na wavuvi walikuwa wangali wanangoja hela. Hakuna OCS aliyeambiwa asimame mlangoni kwa mtu mpaka mvuvi alipwe. Lakini tajiri akifungiwa njia, siku tatu ana karatasi yenye jina la polisi ndani.

Sisemi mwenye uzi ni mbaya. Nasema amri ya polisi huenda kwa anayeweza kulipa wakili wa hati ya dharura.

#17 MchongaMawe

#16 mimi si tajiri kaka. Nimeuza ng'ombe wanne kulipa wakili. Mashine moja bado naidaiwa.

#18 Dereva wa Mambrui

Mla Samaki wewe umezoea ulinzi wa polisi bure. Si ninyi mliokuwa mkisafiri kwa msafara wenye askari njia ya Gamba kwenda Lamu?

#19 Mla Samaki wa Mokowe

Baada ya mashambulizi ya Mpeketoni 2014, ndiyo, tulisafiri kwa msafara. Na hapo hapo ujifunze kitu: mabasi yalipata askari bila mtu kushika wakili, kwa sababu hatari ilikuwa ya kila mtu. Utaniombea usafiri salama badala ya kunicheka, mnyonge wee.

#20 Dereva wa Mambrui

Nakuombea, wallahi. Ukija Mambrui nitafute nikununulie halwa.

#21 Dobi wa Casuarina

Turudi kwenye mada. Nimesimamia ufuaji kwenye hoteli moja, siitaji. Wafanyakazi waligoma, wakakaa langoni, gari la mkate likashindwa kuingia. Mwajiri akakimbilia mahakama ya kawaida kuomba polisi. Akarudishwa: huu ni mzozo wa kazi, nenda Mahakama ya Ajira. Wiki nzima ilipotea.

Kule waliulizwa maswali mengine kabisa. Je, wafanyakazi walitoa ilani ya siku saba ya mgomo? Je, upatanishi ulijaribiwa? Mwisho waliruhusiwa kugoma lakini wakaambiwa wasizuie magari, wakae upande mmoja wa lango. Polisi wawili walikaa chini ya mwarobaini siku tano bila kumgusa mtu. Ilifanya kazi kwa sababu kila upande ulijua mstari uko wapi, ulichorwa kwa chokaa.

Mwenye uzi, hao wapakiaji ulioachisha, si ni mzozo wa kazi huo? Hukukosea mlango?

#22 Karani wa Mawakili

Swali zuri sana #21, na silijibu hapa. Njia na shamba ni mambo ya ardhi. Wapakiaji ni mambo ya ajira. Upande wa pili ukipata wakili mzuri atalishika hilo Jumanne. Pia wanaweza kuomba zuio lifutwe au lirekebishwe, Agizo la 40 linawaruhusu, hawalazimiki kungoja.

#23 Bw. Amri Ni Amri

Naona mnambembeleza sana mvunja sheria. Mahakama imesema. Asiyetii ni kudharau mahakama, adhabu yake hadi miezi sita jela na mali kushikwa. Wakamatwe watatu wale, wengine watatoka wenyewe. Leo timbo, kesho duka, keshokutwa hospitali. Nani atakuja kuweka pesa zake Malindi?

#24 Afande Mstaafu

#23 miezi sita ipo kwenye kanuni, lakini si OCS anayefunga mtu kwa kudharau mahakama. Mwenye amri hurudi kwa jaji na ushahidi: niliwapa, walijua, hawakutii. Jaji ndiye huamua. Nimeona watu wakikamatwa langoni kwa haraka, kesho yake kijiji kizima kiko kituoni, na mwenye biashara hafanyi kazi tena mwaka huo wala mwaka ujao. Polisi wataondoka saa kumi na mbili jioni. Wewe na jirani yako mtalala hapo hapo.

#25 Dalali Mstaafu

Nichangie kwa ufupi. Sisi madalali wa mahakama tulikuwa na fomu ya kuomba polisi watusindikize tukihofia fujo, kanuni za 1997. Nadhani mawakili walizoea maneno yetu wakayahamishia kwenye mazuio. Lakini sisi tulikuwa na kitu cha kushika: kabati, gari, ng'ombe. Unakishika, unaondoka. Zuio halina cha kushika. Ndiyo maana polisi huduwaa.

#26 Tuk Tuk wa Barani

Mimi bado nasimama kwenye mafuta. Na siasa. Kuna mheshimiwa aliahidi vijana hao kazi hapo timboni, uliza.

#27 Mwana wa Kijiji

#26 hakuna mheshimiwa aliyetuahidi kitu. Mnapenda kuona mkono wa mtu nyuma ya maskini kila anaposimama.

#28 Tuk Tuk wa Barani

Sawa, nimekosea hapo, nisamehe. Mafuta sijakosea.

#29 MchongaMawe

Taarifa ya leo, siku ya kumi na moja.

Wakili alimwandikia OCS barua akiambatanisha amri na nakala kwa mkuu wa polisi wa kaunti ndogo. Asubuhi saa tatu likaja Land Cruiser, askari saba na ofisa wa kike. Yule ofisa hakwenda kwa vijana. Alikwenda moja kwa moja kwa bibi, akakaa naye kitandani, wakazungumza Kigiriama kama nusu saa. Sikusikia walichosema. Halafu vijana wenyewe wanne wakakinyanyua kitanda bibi akiwa juu yake, wakakiweka kando ya njia chini ya mkorosho. Malori mawili yakapita, yakapakia, yakatoka. Polisi wakaondoka saa saba.

Alasiri kitanda kimerudi katikati.

#30 Bw. Amri Ni Amri

Umeona? Ulinzi wa masaa manne tu. Rudi kwa jaji kesho asubuhi.

#31 Afande Mstaafu

Mimi nimeona kingine. Kitanda kilinyanyuliwa na vijana, si na askari. Mtafute yule ofisa, muulize bibi alimwambia nini.

#32 Dobi wa Casuarina

Nami ningechora chokaa.

#33 Mama Chapati

Malori mawili yamepita na hakuna aliyekula? Ningeambiwa ningekuja na sufuria.

#34 Mwana wa Kijiji

Alimwambia ile habari ya shimo. Masika yanakuja. Alimuuliza yule afande kama ana mtoto anayekwenda shule kwa miguu.

#35 MchongaMawe

Mwana wa Kijiji, shimo lile sikulichimba, na hilo nitalisema mahakamani kwa sababu ni kweli. Lakini nina mawe ya kutupwa, yale yaliyovunjika pembe, hayauziki. Yanatosha ukuta wa kiuno upande ule wa njia ya shule. Mwambie hawe wako nitakuja Jumapili baada ya alasiri, bila polisi.

#36 Karani wa Mawakili

Mchonga, kabla ya Jumapili mpigie wakili wako. Ukijenga ukuta kabla ya Jumanne, upande wa pili unaweza kudai umekubali kwamba shimo ni jukumu lako. Mwambie aandike kwanza kwamba ni bila kuathiri haki za upande wowote.

#37 Mwana wa Kijiji

Nimemwambia. Amesema uje, ila kitanda hakiondoki Jumapili. Utakaa hapo hapo njiani mzungumze.